Ng'ombe Aliyewekwa Chini ya Ulinzi

Furaha mwanangu,

Usitafute humu habari za sabuni, wala za kukunja shuka, wala za kuamka mapema. Hayo nimekuimbia tangu ulipoota meno, na kama hayajakuingia hadi leo, barua hii haitayaingiza. Sanduku lako nimelifunga kwa kamba kwa sababu kufuli yake ni ya mapambo tu. Unga wa muhogo uko chini, wale dagaa wa ziwani, sambaza wakavu, wako juu, na ukiwasahau ndani ya basi abiria wenzako watakukumbusha. Hayo yameisha.

Nataka kukuambia juu ya majirani, kwa sababu kesho unakwenda Butare kupanga chumba katikati ya watu ambao hujui hata wanachocheka. Mambo yetu na Mzee Semasaka unayakumbuka kitoto: unakumbuka polisi na ng'ombe, basi unaangua kicheko. Hujui jinsi mama yako alivyokuwa akitetemeka, kwa sababu nilikuficha. Leo nakufunulia, na ukitaka kucheka cheka tu, hata mimi siku hizi nacheka.

Unajua nilizaliwa Bukavu, nikakulia Kadutu, nikaolewa huko huko, na baba yako akafia huko kwa homa ukiwa bado unanyonya kidole. Vita vilipochacha, shangazi yangu aliyekuwa akiishi hapa Giheke alituma neno kwamba amezeeka, hana mtoto, na shamba la kaka yake linaliwa na magugu. Huyo kaka yake ndiye babu yako Sebagabo. Alivuka kwenda Bukavu akiwa kijana kutafuta kazi, akasema atarudi baada ya mavuno, na mavuno hayo hayakuisha hadi tukamzika Kadutu. Basi nikavuka daraja la Rusizi kuingia Rwanda, mdogo wako mgongoni, cherehani kichwani, wewe umeshika kanga yangu ukilia kwamba viatu vinakubana. Shangazi alitupokea, akatuandikia nyumba na shamba mbele ya viongozi, kisha akafariki kabla hajanifundisha lolote la kilima hiki. Nikabaki na Kinyarwanda cha kununulia nyanya tu.

Tulikuwa tumemzika shangazi juzi tu Mzee Semasaka alipokuja mlangoni kwa mara ya kwanza. Ni jirani yetu wa chini, yule yule, ila wakati ule alikuwa bado na nguvu na masharubu. Alibeba kibuyu cha pombe ya ndizi, mrija umesimama ndani. Akavuta kidogo yeye mwenyewe, akanisogezea mimi. Wewe unajua nilivyokuwa nimeokoka siku zile. Nilikuwa nimeokoka kwa moto, hata soda iliyochacha nilikuwa naikemea.

"Miye niliokoka, Papa," nikamwambia. "Pombe sinywake."

Aliuangalia mrija, akauangalia uso wangu, akaondoka bila kuaga. Nikafunga mlango nimefurahi kabisa, nikaona kwamba nimempiga Shetani mtama mbele ya nyumba yangu mwenyewe.

Ndipo kelele zikaanza. Kila jioni, akipita chini ya uzio wetu wa miti ya miyenzi, nilikuwa namsikia akipaza sauti: Sebagabo alinipa ng'ombe! Akijikwaa kwenye jiwe, Sebagabo alinipa ng'ombe! Mvua ikimkuta njiani, Sebagabo alinipa ng'ombe! Siku moja kuku alimparamia begani, naye mzee akataja jina la baba yangu kwa hasira hadi watu wa ng'ambo ya bonde wakageuka. Hebu jiweke pahali pangu. Mjane, mgeni, na mtu wa fimbo anakutajia marehemu baba yako gizani kana kwamba anamdai.

Asubuhi moja nikafungua dirisha nikamkuta ndani ya uzio wetu pamoja na wanawe. Walikuwa wamekata miyenzi upande wa chini, wamefungua pengo, na sasa wanachimba mashimo uani na kusimika vigingi. Mzee ameshika panga. Nikatoka, nikamuuliza anafanya nini kwangu.

"Nafanya kazi yangu," akasema.

"Kazi gani, Papa? Hapa ni kwangu! Nakataa!"

"Hata ukatae, nitaingia. Siwezi kufa mbele ya hii mambo kuisha."

Mwanangu, usisahau siku zile zilikuwa siku gani. Usiku tulikuwa tunasikia mizinga ya Bukavu kupitia maji ya ziwa, vioo vinatetemeka, na kila kilima kilikuwa na mtu aliyeota panga. Niliwachukua nyinyi wawili nikawaingiza chini ya kitanda changu, nikawaambia tunacheza mchezo wa kujificha. Wewe ulishinda mchezo huo kwa sababu ulilala usingizi. Mimi nilikaa mlangoni na mkasi wa kushonea.

Kulipokucha nikashuka Kamembe kwa Maman Zaituni, unamjua, yule ambaye cherehani yake na yangu zilikuwa zinatazamana sokoni. Zaituni ni mtu mwema, swala tano hazimpiti, lakini mashauri yake yana pilipili nyingi.

"Unaona?" akanambia huku uzi uko mdomoni. "Ule mzee anatafuta bashahidi. Leo analalamika kila mahali Papa yako alimupa ngombe, na bantu banasikia. Kesho atasema alimupa na shamba. Njo maana anasimika miti! Enda kwa tribinali, dada, mbele akuzike."

Nikaenda. Nilivaa kitenge changu cha Pasaka, nikamweleza Madame jaji kila kitu: kelele, mashimo, panga, na lile neno la hata ukatae nitaingia. Jaji alisikiliza vizuri. Alikuwa amekulia Bujumbura. Karani wake alikuwa amekulia Goma, na polisi wa mlangoni alikuwa amekulia Uganda. Namshukuru Mungu kwa watu hao wote, lakini ndani ya chumba kile hapakuwa na hata mmoja wetu aliyewahi kuchunga ng'ombe juu ya kilima cha Rwanda.

Wakamwita Mzee Semasaka aje kujibu. Hakuja. Alimtuma mwanawe mkubwa, naye akasimama mbele ya jaji, kofia mkononi, akatoa ujumbe wa baba yake kama alivyotumwa:

"Mzee anasema hiyo maneno haiwezi kusemewa hapa kwa tribinali. Ataisemea kwa huyu mama, ndani ya parsele yake, mbele ya bantu bote, na pombe."

Madame jaji alivua miwani. "Na pombe?"

"Na pombe, Madame."

Sijawahi kumwona mtu akiandika haraka vile. Amri ikatoka siku ile ile, na mhuri: polisi atailinda familia yangu, na Semasaka, watu wa nyumba yake na mali yake yote wasivuke uzio wangu hadi mahakama iseme vingine. Nilirudi Giheke nimeishika amri ile kwa mikono miwili, nyuma yangu anakuja Afande Théogène na bunduki yake na godoro lake.

Théogène alikuwa kijana mrefu, mpole, na alikuwa anaitii karatasi ile kuliko mimi ninavyoitii Biblia. Alisimama kwenye lile pengo la uzio tangu asubuhi. Kuku wa Semasaka walipotaka kupita aliwaambia "Rudi nyuma!" nao wakarudi. Nilipokwenda sokoni alinifuata, akaketi kando ya cherehani yangu, bunduki magotini, na wateja wakafikiri nimekamatwa kwa kuiba vitambaa. Nilipokwenda kanisani alisimama nyuma ya kwaya, na siku hiyo hata sauti ya tatu iliimba sawa. Chooni hakuniingilia, ila alisimama nje na kukohoa mara kwa mara kunijulisha kwamba serikali ipo. Na kula, alikula! Sombe ya majani ya muhogo niliyopika ya kutosha kesho ilikuwa haioni kesho.

Lakini nililala, Furaha. Hilo sitalikana. Kwa mara ya kwanza tangu tuvuke daraja, nililala hadi jogoo akachoka kuwika.

Halafu ikaja ile siku ya ng'ombe. Nilikuwa nachambua maharage nikasikia Théogène anapiga kelele kwa sauti ya vita: "Simama! Simama hapo!" Nikatoka nikakuta mtamba mmoja mwekundu, mzuri, mwenye doa jeupe kwenye paji, amepita pengoni na sasa anakula maboga yangu. Théogène akamkamata pembe, akamfunga kamba kwenye mparachichi, akajipangusa jasho.

"Mama, huyu ni mali ya mshitakiwa," akasema. "Amevunja amri. Namweka chini ya ulinzi."

Mzee Semasaka alikuja mbio kutoka chini, anakohoa, fimbo inampita mbele. Alipofika pengoni alisimama, vidole vya miguu vikiwa kwenye mstari wa uzio kabisa. Hakuvuka. Alimwangalia ng'ombe, akamwangalia polisi, akaniangalia mimi, na machozi yakamtoka yule mzee mwenye masharubu.

"Mutoto ya Sebagabo," akasema, "umefunga ngombe yako mwenyewe."

Sikuelewa. Nikamwambia mimi sina ng'ombe. Basi ndipo akaketi palepale kwenye udongo, upande wake, akaanza kunieleza polepole, kwa Kiswahili alichookota zamani akibeba mizigo Bukavu.

"Wakati nilitaka kuoa, sikukuwa na kitu. Papa yako njo alinipa ngombe. Rafiki yangu. Kwetu hapa, ngombe ya rafiki ikizaa mwana-muke, unarudishia rafiki moja. Miye sikurudisha. Alienda Bukavu, nikangoja. Vita ikakula ngombe yote. Nikatafuta ingine, nikatafuta. Sasa iko, niko nakohoa, nakutengenezea fasi yake ya kulala, na weye unaniletea polisi."

"Na makelele, Papa? Kila jioni jina la baba yangu?"

Alishangaa kweli. "Nilale njaa, nipigwe na jiwe, niape kwa nani? Muntu anaapa kwa mwenye alimupa ngombe! Ulitaka niape kwa nani?"

"Kwa nini hukuniambia tangu siku ya kwanza?"

"Nilikuya na pombe. Njo pombe ilikuwa itafungua mudomo. Ukaikataa. Unadhani ngombe ya heshima inatangazwa kwa mudomo mukavu, kama nyanya?"

Mwanangu, nilikaa chini mimi pia, upande wangu. Théogène akabaki amesimama katikati yetu, hajui amlinde nani. Mwishowe alimfungua ng'ombe akamrudisha upande wa mzee, maana amri ilisema mali yake isivuke.

Nimeyafikiria sana haya. Sikuambii kwamba nilikosea kwenda mahakamani. Panga ni panga, nawe ukiliona uani mwako huko Butare, kimbia kwa polisi kwanza, aibu utaiona baadaye. Kosa langu lilikuwa jingine. Habari za mtu huyu nilimuuliza Zaituni, nikamuuliza jaji, nikamuuliza Mungu kwa kufunga na kuomba. Wote niliwauliza isipokuwa mwenyewe. Wala watu waliozaliwa hapa kilimani sikuwauliza, kwa sababu niliona aibu ya Kinyarwanda changu kibovu. Ningekubali kuchekwa siku moja, nisingelala na mkasi.

Sasa sikia kichekesho chenyewe, maana mwanzo wake ulikuwa shuleni na hujawahi kusimuliwa vizuri. Siku iliyofuata nilirudi mahakamani kuomba ulinzi uondolewe. Karani akaniambia Madame jaji yuko Kigali kwenye semina, hajulikani atarudi lini, na hakuna mwingine anayeruhusiwa kugusa faili lake. Kupata polisi ilinichukua asubuhi moja. Kumwondoa, mwanangu, hadi leo sijui ingechukua muda gani. Na kikohozi cha mzee kilikuwa kinazidi. Wanawe walikuwa wanamshika mkono akitoka nje. Niliogopa upya kabisa, safari hii niliogopa kwamba atakufa hajamaliza neno lake, na kwamba nitakayekuwa nimemzuia ni mimi na mhuri wangu.

Nikamwendea Théogène. "Afande, mwachie huyu ng'ombe aingie. Ni wangu."

"Umeshakabidhiwa, mama?"

"Bado."

"Basi bado ni mali ya mshitakiwa. Asipite."

"Nitakabidhiwa vipi na wewe humruhusu aje kunikabidhi?"

Théogène alifikiria hadi jasho likamtoka. "Hiyo haikuandikwa," akasema.

Nikamwambia mzee basi nije mimi nimchukue kwake. Alikataa katakata, alikaribia kunirushia fimbo. Ng'ombe wa kurudisha hafuatwi, anapelekwa, akafie wapi mtu ambaye amemfanya mtoto wa rafiki yake aje kuomba mlangoni? Lazima afike nyumbani kwangu.

Nililala na jambo hilo, na nilipokuwa nawasha moto wa uji likanijia. Nikamwagia jiko maji, nikayang'oa mafiga yangu matatu. Moja nikabeba mimi, moja akabeba mdogo wako kwa kulisukuma, na la tatu, kwa kuwa alikuwa ameamriwa kunilinda popote niendapo, akalibeba Théogène, bunduki mgongoni. Wewe ulikuja nyuma na sufuria na mkeka, na kigoda cha babu yako ambacho shangazi alikuwa amekitunza. Tukapita pengoni, maana mimi hakuna aliyenikataza kuvuka. Nikayapanga mafiga kwenye majani ya Semasaka mwenyewe, hatua chache chini ya uzio, nikawasha moto, nikatandika mkeka, nikaita:

"Papa, hapa ninapopika njo kwangu. Karibu kwangu!"

Alitazama mafiga, akatazama moshi, akatazama polisi ambaye mikono yake ilikuwa myeusi kwa masizi. Ndipo nikamsikia akicheka kwa mara ya kwanza, akacheka hadi kikohozi kikamshika na wanawe wakampiga mgongoni. Kisha akaingia ndani, akavaa koti.

Alimleta ng'ombe mbele ya kilima kizima. Alisema maneno marefu, nusu sikuyaelewa, lakini alipomtaja Sebagabo niliona anamtaja kijana. Baba yangu mimi nilimjua mzee, mkali, mwenye mgongo mbaya. Semasaka akamleta pale mtu aliyekuwa hawezi kukamua bila kupigwa teke, aliyepiga mluzi wakati wa mvua, aliyempa rafiki yake ng'ombe wake wa pekee kwa sababu rafiki yake alikuwa amependa. Nililia mbele za watu bila haya. Nilikuwa nimevuka daraja kufuata shamba, sikujua kwamba baba yangu alikuwa ananisubiri mdomoni mwa jirani.

Kisha kibuyu kikaja. Nilimwomba Bwana Yesu samahani kwa pembeni, nikauvuta mrija. Ni chungu, Furaha, na kidogo ni tamu. Zaituni, aliyepanda kutoka Kamembe kuja kushuhudia, alikunywa chai yake akaniambia kwamba tangu mwanzo yeye alisema huyu mzee ni mtu wa heshima.

Tulipopandisha ng'ombe nyumbani, Théogène alitangulia akasimama pengoni, akanyoosha mkono.

"Ng'ombe huyu ni wa nani?"

"Ni wangu!" nikasema, na kilima kizima nyuma yangu kikasema, "Ni wake!"

Akapiga saluti. Hadi leo sijui alimpigia nani kati yangu na ng'ombe.

Théogène aliitwa kambini majuma machache baadaye, akaondoka na kibuyu cha maziwa alichopewa na Mzee. Madame jaji hakurudi, alihamishwa moja kwa moja. Faili liko mahali fulani, na amri ile haikufutwa na mtu yeyote. Ndiyo maana Mzee, ambaye watu wote walidhani atakufa mwaka ule na amewazika nusu yao, kila akija kwetu husimama pengoni na kuuliza kama anavyouliza. Ulidhani ni utani tu wa kizee. Ni utani, lakini vidole vyake havijawahi kuvuka mstari kabla ya kujibiwa.

Ukifika huko Butare, atakuja jirani na kitu mkononi. Huenda ni kitu usichokula, huenda ni maneno tu. Simama naye kidogo. Muulize jina la baba yake. Ukiona ana ubaya, polisi wapo. Mimi sina la kuongeza, na wewe una kichwa kuliko changu.

Nakupenda, mtoto wangu. Nyumba hii itakuwa na kelele kidogo mno bila wewe, na sijui nani atanisaidia kumkamua mjukuu wa yule mtamba, ambaye naye anapiga teke.

Kesho asubuhi, kabla gari halijafika barabarani, Mzee Semasaka atapanda kuja kukuaga. Atasimama pale pengoni na koti lake, ataniuliza, "Mutoto ya Sebagabo, karatasi inakubali?" Miaka yote hii ni mimi ninayejibu, "Karatasi imelala, Papa, ingia." Kesho nitakuwa nimeshika kamba ya sanduku lako, na najijua, sauti haitatoka. Jibu wewe. Sema kwa nguvu, masikio yake yamezeeka.

Mama yako